Pumzi ya Mstari wa Tatu

Mwenyekiti wa kwaya alitangaza akiwa amesimama, funguo za gari mkononi: ule wimbo wa sauti nane ufutwe kwenye onyesho la Jumamosi. Karatasi za besi ya pili zimeozea stoo.

"Zimeoza zenyewe?" aliuliza mzee mchomelea vyuma waliyembandika jina la Ngurumo, besi ya pili pekee aliyebaki. "Bati linavuja mwaka wa tatu huu. Nilisema, mkaniita mkorofi."

"Mzee wangu, tusirudi huko."

"Tutarudi tu. Wimbo ninao kichwani."

Mwenyekiti akacheka. "Nota hujui hata moja!"

Kweli hakuzijua, shule aliiacha angali mdogo. Wimbo alifundishwa jikoni na marehemu mkewe, aliyekuwa akimenya viazi huku akimwimbia sehemu yake, mstari kwa mstari. Wimbo wenyewe aliutunga yeye, na hakuna kwaya nyingine duniani iliyokuwa nao. Mama wa watu alitamani kuusikia ukumbini hata mara moja, akaondoka hajausikia.

"Imba, baba," alisema mwalimu wa kwaya, msichana mdogo kuliko bintiye, chaki mkononi.

Akaimba, mwalimu akaandika ubaoni. Mstari wa tatu akakata, akavuta pumzi, akaendelea.

"Mbona unapumua katikati ya neno?"

"Ndivyo ulivyo."

Wakaujaribu wote. Pale pale wimbo ukaporomoka, maana hapo sauti saba hunyamaza, besi ya pili hubaki kuushika peke yake.

Ngurumo akainama. Mkewe ndiye aliyekuwa akipumua pale. Mwaka ule wa mwisho kifua kilimbana, na wakubwa wa hospitali kila wiki walimwambia njoo wiki ijayo, mashine mbovu. Kumbe yeye alikariri wimbo pamoja na ugonjwa.

"Nipeni mpaka Jumamosi," alisema. "Na ratiba msiiguse."

Siku tatu alichomelea mageti huku ameshikilia sauti ile bila kupumua ndani ya kinyago cha kuchomelea, macho yakimtoka.

"Baba, ufe kwa ajili ya wimbo?" bintiye alifoka.

"Wenye mashine mbovu wanadunda mpaka leo, nife mimi?"

Jumamosi ukumbi ulijaa nusu. Mstari wa tatu ukafika, sauti saba zikanyamaza. Mahali pa mkewe pakaja, kifua kikamwomba asimame naye pale kidogo tu, kama jikoni. Akapapita bila kupumua. Sauti haikutetemeka, mpaka wenzake wakaingia wakampokea.

Wimbo ulipokwisha, watu wakasimama kupiga makofi.

Nyuma ya pazia mwenyekiti alimjia mikono wazi. "Mzee, tumefaulu!"

Ngurumo alikuwa bado anahema. Alimwonyesha kidole kimoja angoje, akavuta pumzi ndefu.

"Bati," alisema. "Jumatatu nakuja na ngazi yangu. Wewe njoo na misumari."