Kitambaa cha Manjano Mtaa wa Juu

Daktari Pruett aliteremka ngazi polepole, akanawa mikono kwenye beseni, akajifuta kidole kimoja kimoja. Ephraim Ledyard, meya wa Calverton, alisimama bila koti akimsubiri aseme.

"Mkeo ana ndui," alisema daktari. "Ila mimi na wewe tumetoka mbali. Nikiandika tetekuwanga, nani atapanda juu kuhakikisha?"

Ledyard alijua anachopewa. Miezi miwili nyuma yeye mwenyewe alitia saini amri: nyumba yenye ndui itundikwe kitambaa cha manjano, iwekewe mlinzi, asitoke mtu mpaka siku arobaini zitimie. Nyumba kumi na nne zilikwisha fungwa, zote mtaa wa chini, kando ya mto Ohio, walikoishi Waairishi waliofanya kazi katika kiwanda chake cha majiko ya chuma. Mtaa wa juu haikuwa imefungwa nyumba hata moja.

"Andika ndui," alisema, na papo hapo akatamani kulimeza neno lake.

"Kichwa chako kigumu kuliko majiko yako," daktari alinung'unika, akaandika.

Mlinzi aliyeletwa alikuwa Dennis Garrity, mfua chuma wa kiwandani kwake. Uso wake ulijaa makovu. Alikwisha ugua akapona, ndiyo maana alipewa kazi hiyo. Bintiye hakupona. Alizikwa huku baba na mama wamefungiwa ndani.

"Habari za asubuhi, bwana meya," alisema akipigilia kitambaa mlangoni. "Mimi niko hapa getini. Ukitia mguu nje, nakurudisha."

"Na nikikuamuru unipishe?"

"Utaniamuru kwa karatasi gani? Ninayo hii tu, na saini ni yako."

Siku zikaanza kumbana. Mtumishi alikuwa amekimbilia kwao kabla daktari hajafika, kwa hiyo Ledyard alipika mwenyewe. Alikuwa ameuza maelfu ya majiko hadi Missouri, lakini hajawahi kuwasha hata moja; moshi ukamtoa machozi, uji wa mahindi ukaungua. Aliusikia mluzi wa kiwanda ukichelewa asubuhi, akahesabu hatua kutoka dirishani hadi mlangoni, kumi na moja, akarudi, kumi na moja. Juu, Cordelia alilala na uso uliovimba hata macho hayafunguki.

"Ungemwacha Pruett aandike alivyotaka," alimwambia siku ya tano. "Ungeleta hata mtu wa kunipikia supu. Huyo Garrity ndiye unayemwogopa, au nani?"

Ledyard alishuka kuchochea jiko.

Siku ya kumi na mbili alikuja Ambrose Tuttle, mwenyekiti wa baraza la mji, akasimama ng'ambo ya barabara na leso puani.

"Ephraim! Tumepiga kura. Amri imefutwa. Meli zinatupita bila kutia nanga, na maonyesho ya mavuno ni Jumamosi. Toka, mzee, uje uyafungue."

"Mmefuta? Watu bado wanaugua, Ambrose."

"Watu wanaugua kila mwaka. Garrity, nenda nyumbani, kazi yako imekwisha."

Tuttle alipoondoka, Ledyard alivaa koti na kofia. Alifika getini, akashika komeo. Garrity alikuwa bado amesimama pale pale.

"Si umeambiwa uende?"

"Nimeambiwa. Siwezi kukuzuia tena, bwana meya. Nataka kuona tu."

Hakusema kwa hasira. Ledyard alisubiri atukanwe, ili apate sababu ya kusukuma geti, lakini yule mtu alimtazama tu, kama anayesubiri chuma kipoe. Komeo lilikuwa wazi na mkono haukwenda. Mwishowe akageuka, akarudi ndani, akavua kofia. Alijichukia mwenyewe, akamchukia na Garrity.

Jumamosi alisikia tarumbeta za maonyesho kutoka uwanjani, na watu waliopita walicheka kuona kile kitambaa. Wiki mbili baadaye ndui iliingia nyumba tisa za mtaa wa juu, ya Tuttle ikiwamo, na baraza likairudisha amri lenyewe.

Cordelia alipona, na makovu yake. Ledyard alitoka siku zilipotimia, akaenda moja kwa moja barazani na barua ya kujiuzulu. Mtaa wa chini haukumsamehe zile nyumba kumi na nne. Wa juu ulimwona mjinga aliyewaaibisha.

Tuttle, aliyekonda kwa kuuguza, aliisoma barua, akamrudishia.

"Haikubaliwi. Muhula wako umebakiza miezi mitano."

"Mchague mwingine."

"Nimewauliza wote. Hakuna anayekitaka kiti hicho sasa hivi," alisema Tuttle, akamsogezea amri tano za kufunga nyumba. "Kaa, Ephraim. Zinasubiri saini."

Ledyard akavuta kiti, akakaa.