Wanawake Wasio na Mkuu

Adija binti Shabani alikuwa na duka pale Bugene. Baba yake, aliyepanda bara na misafara kutoka Pangani akaoa Mnyambo wa Ihembe, ndiye aliyelijenga, na humo akauza kaniki, shanga na chumvi mpaka alipofariki. Mama alikuwa ametangulia. Matanga yalipokwisha Adija alifungua mlango mwenyewe, akaendelea kuwapimia watu chumvi.

Siku hizo Wadachi walikuwa na boma lao Bukoba, na likatoka agizo kwamba watu wa Karagwe wahesabiwe kwa vyama vya kazi: wahunzi peke yao, watengeneza nguo za magome peke yao, wachuuzi peke yao. Kila chama kiwe na mkuu wa kuwajibia watu wake. Asiye na chama aandikwe katika nyumba ya mwenye chama, mke kwa mumewe, mtumwa kwa bwana wake.

Mkuu wa wachuuzi alikuwa Hatibu, rafiki wa marehemu Shabani. Jioni moja kabla ya hesabu alikuja kuketi barazani kwa Adija.

"Shikamoo, ami."

"Marahaba, mwanangu. Kesho usijisumbue kwenda uwanjani. Nimemwambia karani akuandike kwangu."

"Niandikwe kama nani?"

"Mtu wa nyumbani. Baba yako alikuwa ndugu yangu."

"Na duka?"

Hatibu akacheka kidogo. "Duka la mtu wa nyumbani ni la nyumbani. Au unataka kugawana mlango na mimi?"

Adija akakunja kaniki aliyokuwa ameishika, akaikunja tena. "Baba alikupenda, ami, kwa hiyo nakujibu kwa adabu. Sitaandikwa kwako."

"Basi hutaandikwa popote. Na asiyeandikwa hana wa kumtetea, mtu yeyote atamchukua."

"Labda. Lakini si wewe."

Asubuhi uwanja ulijaa. Karani Abdulrahim, kijana wa Tanga mwenye kanzu safi, alikuwa amewekewa meza, na nyuma yake wamesimama askari wawili. Wahunzi wa Ihembe walipita, wakafuata watu wa Igurwa na magome yao. Ilipofika zamu ya wachuuzi, karani akasoma, "Nyumba ya Hatibu. Wake wawili, watoto, na Adija binti Shabani."

"Uongo," Adija akasema, akatoka mbele ya watu wote. "Mimi nina nyumba yangu. Niandike mchuuzi."

"Chama changu hakina wanawake," Hatibu akajibu.

"Basi niandike bila chama."

Karani akageuza karatasi huku na huku. "Bibi, mahali pa mtu wa namna hiyo hapapo. Kaa pembeni."

Adija akaketi, lakini hakuketi pembeni. Aliketi chini, mbele ya meza ile ile. "Nitaondoka nikishahesabiwa."

Askari akamvuta mkono, Adija akarudi kuketi pale pale. Watu wakacheka, kisha wakaacha kucheka.

Karani akajaribu kuendelea. Akamwita mfinyanzi mmoja mzee, Kokushubira, akamtaja kuwa mtumwa wa mhunzi fulani. Mhunzi huyo alikuwa amekufa zamani, na kabla ya kufa alimwachilia huru mbele ya mashahidi. Warithi wake wakamwacha karani aandike. Kokushubira akaenda polepole, akaketi kando ya Adija.

"Huyu binti huniuzia chumvi bila kuniuliza mimi ni wa nani," akasema. "Nitangoja naye."

Akaja mjane msuka mikeka, akaja mwanamke aliyeachwa na mumewe na sasa alilima kibanja chake mwenyewe. Wengine wakachomoka katikati ya mistari waume zao wakiwaita warudi. Mwishowe hapakuwa na njia ya kuifikia meza.

Askari akainua kiboko. Abdulrahim akamshika mkono.

"Ukiwapiga watakuwa wamepigwa, lakini hawajahesabiwa, na mimi Bukoba nitaulizwa hesabu." Akawageukia wanawake. "Mnataka nini?"

"Kila mtu jina lake na kazi yake," Adija akasema.

"Na mkuu wenu ni nani?"

Wakatazamana. Wengi walimtazama Adija, naye akatikisa kichwa.

"Hatuna."

"Lazima awepo!"

"Andika kwamba hatuna," Kokushubira akamwambia. "Wino unao."

Karani akaandika. Jua lilikuwa limepinda alipomaliza.

Hatibu hakumuuzia Adija tena hata kipande cha kaniki, na aliwakataza wachuuzi wengine pia. Kwa miezi mingi duka lilinuka utupu. Adija alilia humo ndani, mlango umefungwa, kisha akaufungua. Kokushubira akamletea vyungu vya kuuza, mjane akaleta mikeka, na wengine kahawa ya kutafuna iliyochemshwa na majani. Wasafiri waliokwenda upande wa Kyerwa wakaanza kusimama pale. Hakutajirika, ila hakula kwa mtu.

Mwaka uliofuata boma, lisiloamini kwamba chama kinaweza kukosa mkuu, lilituma askari amchukue mkuu wa chama cha wanawake wa Bugene akawajibie watu wake. Alizunguka nyumba hadi nyumba akiuliza. Wanawake walimkaribisha, wakampa ndizi na maharage, wakamwambia hayupo. Alipokasirika wakamwongezea maharage. Akarudi Bukoba bila jina la mtu.