Kugawanya kwa Kulia
Mimi ndiye niliyemwita Aline mwizi. Niliandika kwa kalamu nyekundu kwenye karatasi yake ya mashindano: "Majibu sahihi, njia hakuna. Amenakili." Kisha nikasaini, Mwalimu Valeria, msahihishaji wa Baraza la Wanahisabati, Kibondo. Serikali hulisikiliza Baraza. Tukisema mtoto kaiba, nafasi yake katika shule ya vipaji anapewa mwingine.

Baba yake akakata rufaa, tukaitwa Kasulu. Bwana Badru wa wizarani aliandika ubaoni 1728 kugawanya kwa 36.

"Haya binti, tuonyeshe njia."

Aline, mtoto wa Busunzu, miaka kumi na mitatu, aliiweka 36 kushoto kama tunavyofundisha. Akatoa, akafuta, akatoa tena. Chaki ikakatika mkononi. Nilifurahi, Mungu anisamehe.

Baba yake, Claude Nduwayezu, akasimama kule nyuma. "Muheshimiwa, anaogopa. Afanye namna ya kwetu Burundi. Shuleni mulimukataza!"

"Kaa chini, mzee," Badru akasema. Kisha akamgeukia Aline. "Namna gani hiyo?"

"Ya Data," alijibu kwa sauti ndogo, akimtazama baba yake; kwa Kirundi, data ni baba. "Mwalimu wa shuleni alisema ni mbaya."

"Fanya hiyo hiyo mbaya."

Alifuta ubao wote. Akaandika 1728, akachora mstari wa wima, na 36 akaiweka kulia. Chini ya 36 akaandika 4. Chini ya 1728 akaandika 288 tu. Kuzidisha na kutoa kote alikuwa amekufanya kichwani. Akaongeza 8 pembeni ya 4, akaandika sifuri, akaweka chaki mezani. Arobaini na nane. Karatasi yake ya mashindano ilikuwa hivyo hivyo: namba chache zisizo na maelezo, nami nikaziita wizi.

Kasian, mwenyekiti wetu, alinibana mkono. "Nyamaza. Tukikiri kosa leo, wizara haitatusikiliza tena."

Badru aliinua karatasi. "Saini hii ni ya nani?"

Nilijitoa mkononi mwa Kasian, nikasimama. "Yangu. Mtoto hakuiba. Mimi ndiye sikujua kusoma kazi yake."

Nilidhani yameisha. Badru akafungua jalada, akaniangalia juu ya miwani.

"Umesahihisha Kibondo miaka mingapi, mwalimu?"

"Sita."

"Na wangapi umewaandikia hivi?"

Nikaanza kukumbuka majina.