Kasoro Ndege Moja

Usiku wa kuamkia leo niliota ninaokota kokoto kwenye njia ya kurukia ya Kituo cha Ndege za Kivita cha Mbugandogo, kituo kilichofungwa kabla sijaanza shule. Tulikuwa mstari mmoja, bega kwa bega, mbuzi tisa na mimi. Jeti ikimeza kokoto moja tu, injini imekwenda. Mbuzi walikuwa waangalifu kunishinda.

"Kituo hakijafungwa," alisema mbuzi wa kulia kwangu. "Kimeambiwa tu kwamba kimefungwa. Kaulize getini."

Naenda getini. Geti liko jikoni kwetu, kando ya meko. Pale amesimama baba yangu, Koplo Sefania Mwakifuna, fundi wa injini, kijana kuliko mimi. Nyasi zimemwota kwenye viatu.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Usiniegemee, niko kizuizini."

"Tangu lini?"

"Tangu jeti zihamishwe. Zilikuja kumi na mbili, nikazipokea mimi. Siku ya kuondoka daftari likasema kumi na mbili kasoro moja. Na sheria ni kwamba fundi haendi nyumbani mpaka ndege yake irudi."

"Na wewe unaisubiri?"

"Nifanyeje, mwanangu? Mama yako nimemwambia nachelewa kidogo."

Daftari la geti lilikuwa limeketi kwenye kigoda, linakunywa chai.

"Raia," likaniita, "unapekua nini?"

"Nisomee mstari wa siku ile, tafadhali."

Likakohoa. "Ndege mmoja ametoka getini saa mbili asubuhi. Hajarudi."

"Rudia, polepole."

"Ndege mmoja ametoka. Kwani huko uraiani hamna masikio?"

"Ingekuwa jeti, ungeandikwa ndege moja imetoka. Na jeti haipiti getini. Huyu ametoka kwa miguu."

Daftari liliweka kikombe chini. "Mimi kazi yangu ni kuandikwa. Kuelewa ni kazi ya makao makuu."

Baba alinyoosha kidole getini.

"Kanga wa kamanda," alisema. "Yule wa madoadoa. Alipita hapa, nikampigia saluti."

"Kwa nini?"

"Alikuwa anatoka upande wa maofisa."

Sikumlaumu mtu. Karani wa geti aliandika alichokiona, na waliosoma baada yake walikuwa wanatafuta jeti. Nilichukua kalamu, nikaongeza pembeni mwa mstari, kwa mwandiko mdogo: *kanga*. Daftari lilisisimka kama mtu aliyetolewa mwiba.

Sasa jiko limekuwa njia ya kurukia, na kila mtu anamtazama baba. Ananyoosha mguu mmoja nje ya mstari wa geti, anaugusisha chini, anangoja kuona kama ardhi itaukataa. Ardhi haisemi kitu. Anavusha na wa pili.

"Upesi kabla hawajabadilisha zamu," mbuzi mmoja alimwambia.

Nikaamka. Kulikuwa kunapambazuka. Chumba cha pili mtu alikuwa anakoroma, nikashangaa, maana nyumba hii tunaishi wawili, na tangu nipate akili baba hulala ameketi, uso mlangoni. Nilisukuma mlango taratibu. Mzee alikuwa amelala chali, mikono na miguu kaitawanya kitanda kizima.

Alifumbua jicho moja.

"Ukurasa wa nyuma yake nao una makosa," alisema. "Wamemwandika mpishi kuwa ametunguliwa. Kesho uje na miwani."

Akageukia ukutani.