Ndoo Nyuma ya Turubai

Boti ya Gwakisa, ile anayowakodisha watu wa Mbeya mjini wanaokuja Matema kuvua kwa starehe, ina choo kimoja tu: ndoo iliyositiriwa kwa turubai kule nyuma. Siku zote mkewe Esnath, anayewakaangia wageni samaki humohumo botini, aliitumia bila taabu. Leo baba mkwe wake, mzee Samwel, alidandia safari dakika ya mwisho, akajikalia kivulini, ubavuni mwa turubai lenyewe.

Na mke wa Kinyakyusa haonani uso kwa uso na baba wa mumewe. Hapiti karibu naye wala hamtaji jina, sembuse kuchuchumaa kwenye ndoo huku mzee anasikia. Basi Esnath alijikunyata mbele ya boti, kanga imefunika uso, mimba kubwa ikikikandamiza kibofu mpaka machozi yakamlengalenga.

"Baba Juliana, nipeleke nchi kavu kidogo. Nimebanwa."

"Mgeni kanasa samaki mkubwa, mbasa, we unataka turudi? Ndoo si ile pale."

"Na baba je?"

"Acha ushamba."

Wageni wakacheka, na kicheko chao kikamvimbisha Gwakisa kichwa. Alimkamata Esnath mkono, akamburuta juu ya kreti za bia kuelekea kwenye ndoo. Esnath aliposhikilia ubao, alipigwa teke la mbavu, kisha kofi. Kanga ikamvuka mbele ya mkwewe. Aibu ile ilimuuma kuliko teke.

Aliokota rungu la kuulia samaki, akamtandika nalo mumewe mdomoni. Meno mawili yakaruka. Akamwongeza jingine la shingo, kwa chuki ambayo hakujua kama anayo, na Gwakisa akapinduka ziwani.

Aliibuka akitapatapa, damu imemjaa usoni, akang'ang'ania ukingo wa boti. Wageni wameganda na bia zao mkononi. Mzee Samwel alimdaka mwanawe kwapani, lakini nguvu za kumpandisha hakuwa nazo. Kwa mara ya kwanza tangu ndoa ifungwe, akamsemesha mkwewe.

"Mwanangu, njoo tumvute."

Esnath alimtazama usoni, bila kanga, bila kuinamisha kichwa.

"Subiri, baba. Nakojoa kwanza."

Alipita karibu naye, akaingia nyuma ya turubai. Wote waliusikia mkojo ukigonga ndoo, mrefu, hauna haraka, huku Gwakisa akitapika maji na damu. Mzee aligeuzia uso ziwani, akaendelea kumshikilia mwanawe.