Ushuhuda wa Mfundisi Cele

Mzee Zénon alikuwa anakufa, na alitaka kitu kimoja tu: kula mkate na kunywa divai ya Meza ya Bwana mara moja kabla hajaenda. Godelive, binti yake, alikuwa ameahidi kumletea. Wakati wa kuahidi hakuona ugumu wowote, maana Durban makanisa yamejaa. Ugumu ulikuwa kumpata mtu ambaye baba yake angekubali kula kutoka mkononi mwake.

Wakongo wa ghorofa ya chini walikuwa na kikundi cha maombi. Zénon alikwenda Jumapili mbili, akarudi akisema wanaimba vizuri lakini hawana Meza, na mhubiri wao anatoka jasho kuliko anavyosoma. Waanglikana wenzake walikuwa na kanisa la mawe hapo hapo mtaani kwao, Umbilo. Huko alikwenda mwaka wa tisini na sita, wiki waliyofika, amevaa koti aliloazima. Aliona mishumaa inawaka mchana, akaona kijana anapunga chetezo, moshi wa uvumba ukamfikia puani. Alitoka kabla zaburi haijaisha. Hakurudi tena.

"Mzee," Urbain alimuuliza siku hiyo, "si Anglikana ni Anglikana?"

Urbain alikuwa Mkongo, Mkatoliki wa kuzaliwa, mwenye kibanda cha simu karibu na robot, yaani taa za barabarani, ya Umbilo, na alipanga chumba cha pili katika fleti yao. Kwa ajili yake ndani ya nyumba ile watu walisema Kiswahili. Zénon hakupenda mtu alale chini ya dari yake huku lugha ya mezani inamfungia nje.

"Hapana," Zénon alimjibu. "Kaa nikwambie."

Kule Buhiga, Burundi, alikuwa mwinjilisti, na wanafunzi wake wote waliijua habari hii kwa moyo. Zamani za Malkia Victoria kanisa la Waingereza liligawanyika katikati. Wa upande huu walisema mtu huokolewa kwa Neno na toba, na kila mtu lazima azaliwe mara ya pili kwa kujua kwake mwenyewe. Wa upande ule walirudisha mishumaa, uvumba na mavazi ya rangi, wakasema mtoto mchanga huzaliwa mara ya pili papo hapo anapomwagiwa maji. Walipelekana mahakamani. Kasisi mmoja alinyimwa kanisa na askofu wake kwa kuikataa hiyo habari ya maji, na majaji wa Malkia wakamrudishia. Baadaye makasisi wa upande wa pili nao waliingia jela kwa sababu ya mishumaa na uvumba.

"Waliotuletea Injili Burundi walikuwa wa upande huu," alisema Zénon. "Hawa wa hapa Natal walilelewa na wa upande ule."

"Lakini Mzee, hiyo matata ya Wazungu wa zamani, sisi inatuhusu nini?"

"Ndiyo iliyotubatiza, Urbain. Utaikataaje mikono iliyokubatiza?"

Sasa alikuwa amelala kitandani kando ya dirisha, tumbo limejaa maji, miguu imebaki mifupa. Hospitali ilimrudisha nyumbani kwa maneno ya upole. Kila asubuhi, kabla Godelive hajapanda taxi kwenda Pinetown kusuka nywele za watu, alimuuliza, "Meza itakuja lini, mwanangu?" Alhamisi ile Godelive hakwenda kazini. Alimtuma Urbain kwenye kanisa la mawe.

Urbain alirudi mchana, akafungua mlango kwa furaha ya mtu aliyefaulu.

"Mzee! Padri iko hapa!"

Zénon akageuka ukutani.

Kwa Mrundi aliyelelewa na Waprotestanti, padri ni mmoja tu, naye ni wa Roma.

"Mrudisheni," alisema. "Nimekwepa mapadri miaka sabini, sitawaanza leo."

"Urbain!" Godelive alinong'ona kwa ukali. "Nani kakwambia useme padri? Huyu ni mchungaji."

"Eish, dada, si amevaa kola? Kola ni kola!"

Mgeni alisimama kizingitini na begi lake dogo jeusi. Alikuwa Mzulu mnene, mwenye mvi, na bado anahema kwa ngazi. Aliuliza kwa Kiingereza kuna tatizo gani. Godelive alimweleza, uso umemwiva kwa haya. Yule mtu akacheka kidogo.

"Mwambie kwetu mimi ni umfundisi tu. Umfundisi Cele."

Kutoka ukutani ikaja sauti. "Amesema nini? Mfundishi?"

"Ndiyo, Baba. Mfundisi. Ni kama kusema mwalimu."

Zénon alifikiri. "Mwalimu aingie," alisema, akageuka.

Mfundisi Cele alivuta stuli, Godelive akaitandika kitambaa cheupe. Mkate mwembamba ukatoka kwenye begi, kikombe kidogo cha fedha kikafuata. Halafu vikatoka vitu vingine: utepe mpana wa zambarau, mshumaa, kichupa cha mafuta. Zénon alivitazama kimoja kimoja.

"Mafuta ni ya nini?"

"Ni ya kukupaka, Baba. Ya wagonjwa."

"Mimi si chapati."

Urbain aliziba mdomo. Mfundisi aliuliza mzee amesema nini, na Godelive alipomwambia, kwa kuwa hakupata uongo wa haraka, yule mtu alicheka mpaka vitu vikatikisika juu ya stuli. Alirudisha mafuta kwenye begi, na mshumaa, kisha akavua hata ule utepe. Akabaki na shati lake la kijivu.

"Muulize kama sasa tunaweza kula pamoja."

Godelive alipotafsiri, macho ya baba yake yalilainika, na yeye akaamini kwamba wamefika. Lakini Zénon aliinua kidole.

"Kwanza muulize. Ameokoka lini?"

Godelive alijua swali lingekuja. Watu wa uamsho, kama baba yake, huulizana hilo kama wengine wanavyoulizana habari za nyumbani, na jibu lake lina umbo lake: mwaka, mahali, dhambi ilikuwa ipi, moyo uliachiaje. Asiyeweza kutaja siku hana la kusema, na Zénon hangepokea Meza kwa mtu wa namna hiyo hata angekuwa askofu. Swali hilo hilo ndilo alilomuuliza bintiye tangu akiwa na miaka kumi na miwili, na kila mara Godelive alijibu neno moja: bado. Hata siku walipomzika mama yake kambini Kigoma, na mzee akamuuliza kaburini, alijibu bado.

Alimgeukia Mfundisi, akatafsiri.

Mfundisi hakusita. "Siku niliyobatizwa," alisema kwa Kiingereza, taratibu, ili mfasiri asipotee. "Nilikuwa mtoto wa wiki chache. Mama alinibeba. Mimi sikumbuki chochote, lakini Mungu anakumbuka, na hiyo inanitosha."

Lilikuwa jibu zuri. Godelive alilisikia uzuri wake ukimgusa mahali fulani kifuani. Lilikuwa pia lile lile jibu ambalo kasisi wa habari za baba yake alikubali kunyimwa kanisa kuliko kulitamka. Akilitoa kwa Kiswahili kama lilivyo, mzee atageuka ukutani, na safari hii hatageuka tena. Alimtazama: midomo imekauka, kidole bado kiko juu kinasubiri.

"Anasema," Godelive alianza, "anasema alikuwa kinyozi."

"Kinyozi?" Zénon alishangaa.

"Kabla ya kazi hii. Pinetown, karibu na steji ya taxi. Anasema alikuwa ameacha kusali. Katika vita yao ya hapa Natal watu walichoma nyumba ya baba yake, na mdogo wake alikuwa ndani. Tangu siku hiyo alikuwa akiingia kanisani kumridhisha mzazi wake tu, na moyoni hamna mtu."

Mfundisi Cele alisikia neno Pinetown, akamtazama. Urbain, aliyesikia Kiingereza na Kiswahili vyote viwili, alitazama sakafu.

"Endelea," alisema Zénon.

"Siku moja mteja aliketi kwenye kiti chake. Alipofungua mdomo, akamjua kwa sauti. Alikuwa mmoja wa waliochoma ile nyumba. Mteja hakumtambua. Kichwa kile kilikuwa mikononi mwake, na wembe mkononi. Yule mtu alikuwa anasimulia habari za mtoto wake mgonjwa, analalamika dawa ni ghali, kama mtu yeyote. Na yeye akaendelea na kazi. Alihakikisha hamuumizi. Alipomaliza akamfuta shingo. Yule akasema asante, akaondoka."

Godelive alijifuta machozi kwa kiganja.

"Halafu akatoka nje, kwenye kelele za madereva, akasimama penye wauza mahindi. Akagundua kwamba anasali. Kwa sauti, watu wanamwangalia. Hakuwa ameamua. Anasema ni kama ngumi aliyoifumba miaka yote ilikuwa imefunguka wakati yeye yuko kazini, na hakuhisi ilipofunguka."

"Ilikuwa lini?"

"Mwaka jana. Mwezi wa nane." Mwaka ulimtoka kabla hajakumbuka kwamba kinyozi hawi mchungaji kwa mwaka mmoja, lakini mzee hakuhesabu.

Machozi yalimtiririka Zénon, yakaingia masikioni. "Huyo ni ndugu," alisema. "Hata wa upande wa mishumaa, Mungu anawafuata huko huko. Umesikia, Godelive? Umesikia mwenyewe kwa kinywa chako? Asifiwe Bwana!"

Mfundisi aliinama karibu na sikio la Godelive. "Nimefanya nini Pinetown?" aliuliza kwa sauti ya chini.

"Tafadhali, Mfundisi. Mpe tu."

Mfundisi aligeukia stuli. "Ningempa hata angenikataa," alisema. "Kwangu mkate huu hauulizi." Akauchukua, akaumega, akasema maneno yake kwa Kizulu, na Zénon akafungua kinywa kama ndege mdogo. Divai ilimdondoka kidevuni. Godelive akaifuta kwa kidole. Mzee alifumba macho akatabasamu, na kwa mara ya kwanza wiki ile alionekana haumwi popote.

Mlangoni Mfundisi alimshika mkono. "Sijui umemwambia nini," alisema. "Lakini aliyekuwa anasema alikuwa analia." Akashuka ngazi pole pole na begi lake.

Urbain alimkuta jikoni, bomba la maji limefunguliwa na hakuna anachoosha.

"Da Gode. Yule mtu wa kwenye kiti. Alikuwa mwanamke, ee? Na si wembe. Ilikuwa kitana. Na ile nyumba ilichomwa kule kwenu, si hapa."

Godelive alichukua kikombe kisafi, akakiweka chini ya maji.

"Ile ushuhuda ni yako."

"Nyamaza, Urbain."

"Mbona haukumwambiaka? Mwaka mzima! Mzee anakuuliza kila siku, na kitu iko ndani yako!"

Godelive alifunga bomba. Alikuwa na sababu, na mwezi wa nane ilionekana sababu nzuri. Baba yake angeinua mikono. Angeisimulia kwa kila Mrundi wa Durban, angeitia wimbo na aya, na lile jambo dogo lililotokea kati ya kitana na shingo ya mwanamke lingekuwa ushindi wa mzee, tunda la maombi yake. Alitaka likae lake kidogo. Alisema moyoni atamwambia Krismasi. Krismasi ikapita, akasema Pasaka.

"Nenda umwambie sasa," alisema Urbain. "Bado iko macho. Nenda!"

Alikwenda. Aliketi kwenye stuli, kitambaa cheupe bado kipo, akamshika baba yake mkono. Ulikuwa mwepesi kama mkono wa mtoto. Neno lilikuwa tayari kinywani. Zénon akafumbua macho, akamtangulia.

"Na wewe, mwanangu? Lini?"

Alisema kwa upole, bila ule ukali wa zamani. Godelive alifungua kinywa, na hapo ndipo alipoona alichokuwa amefanya. Siku ilikuwa moja tu, Pinetown ilikuwa moja, mwezi wa nane ulikuwa mmoja, na vyote alikuwa amempa Mfundisi mchana ule. Akisema ni vyake, Mfundisi atakuwa mtu asiye na siku, mkate utakuwa umetoka mkononi mwa mtu ambaye baba yake asingempokea, na mzee hana tena nguvu ya kumeza mwingine. Na hakuwa na siku nyingine ya kumpa. Mambo kama yale hayatokei mara mbili ili kumfaa mtu.

"Bado, Baba," alisema.

Zénon alitikisa kichwa kwenye mto. Hakukasirika. Alimfinya vidole, kidogo sana.

"Basi ngoja nikuombee," alisema. "Yule kinyozi alipata, na wewe utapata."

Akaanza. Aliomba kwa Kirundi, lugha aliyokuwa amemwekea Mungu peke yake, kwa sauti inayokatika na kurudi. Aliomba ili moyo wa binti yake ufunguliwe. Alimtajia Mungu jina lake la utotoni. Jua liliondoka dirishani, Urbain akaja akasimama mlangoni, akaondoka. Kila mzee alipopumzika kutafuta pumzi, Godelive alisema amina, na mzee, akiisikia, alianza tena.