Jiwe la Orsani

Kila asubuhi Mirune alipangusa majivu. Alianza na dirisha la jikoni, akaja kizingitini, akamalizia na benchi la nje ambalo marehemu mumewe, Orsani, alizoea kulikalia akifundisha. Mlima wa Velhai hukohoa majivu usiku kucha, na anayechelewa kuamka hukuta nyumba nzima imegeuka kijivu. Siku hiyo alikuwa amefika katikati ya benchi, kitambaa mkononi, baragumu la machimboni lilipolia.

Wachimbaji walikuwa wamemwambia jiwe lingetoka baada ya siku tatu zaidi. Akasimama pale pale, nusu ya benchi safi, nusu chafu.

Heskar alitokea langoni akihema. Alikuwa mwanafunzi mkubwa wa marehemu Orsani, mtu wa miaka hamsini ambaye mji mzima bado ulimwita mwanafunzi.

"Mama, mlima umelitema jiwe mapema. Twende, linapoa."

"Umevaa joho ndani nje, Heskar."

"Nimeliona. Twende hivyo hivyo."

Wakashika njia ya uwanjani. Huko Velhai mwanafalsafa akifa, hawamjengei kaburi la fahari. Mlima hutoa jiwe, nalo likiwa bado na joto la tumboni mwake, yule aliyekula bakuli moja na marehemu, mjane wake, huliinamia na kulitamkia neno moja la mumewe. Jiwe hulimeza neno pamoja na sauti. Likishapoa limepoa, halipokei tena. Na kuanzia kesho yake, kila alfajiri, hulisema. Uwanjani yalikuwapo mawe kumi na moja ya aina hiyo. Tangu utotoni Mirune aliamshwa na sauti za wajane waliokufa zamani.

Neno la Orsani halikuwa na ubishi. Lilivuka mabonde hata kabla ya yeye kuzeeka: Usimtaje aliyekufa, kila ukimwita anageuka nyuma, na njia yake ni ya kupanda. Kwa ajili ya neno hilo, akina mama wa Velhai walizika watoto wao na kufunga midomo. Watu walimshukuru Orsani barabarani. Walisema amewapa utulivu.

Mirune aliijua siku neno hilo lilipozaliwa. Binti yao wa pekee alikuwa amekufa kwa homa, wa miaka sita. Kwa siku nne Mirune alizunguka nyumba hadi nyumba akimwita, akichungulia chini ya vitanda vya watu, kana kwamba mtoto kajificha. Siku ya tano Orsani akamshika mikono yote miwili, akamwambia maneno yale. Mtu aliyebishana miaka kumi kama mwezi una akili au hauna, siku hiyo alikuwa baba tu, asiyeweza kulisikia jina lile mara moja zaidi. Lakini Heskar, kijana wakati huo, alikuwa amesimama mlangoni na ubao wake wa kuandikia. Jioni yake neno lilikuwa sokoni.

Miaka thelathini na mmoja.

"Heskar," alisema wakiwa njiani, "siku zake za mwisho alikuwa anataka kusema kitu."

"Alisema mengi, mama. Nimeyaandika yote."

"Hili hukuliandika. Ulikuwa umeenda kulala. Alikuwa analitaja. Lile jina."

Heskar alipunguza mwendo. "Homa humfanya mtu apayuke."

"Hakuwa na homa."

"Basi usiniambie," Heskar akasema, akitazama mbele. "Mimi mke wangu sijamtaja miaka kumi na tisa. Usiniambie, mama."

Uwanjani watu walikuwa wamejaa. Jiwe lilikuwa juu ya gogo, jekundu kidogo pembeni. Balda mchongaji alilizunguka, mikono imefungwa matambara, uso umeloa jasho.

"Mmetembea kama mnaenda kuposa," akasema. "Na wewe mwanafunzi, nani kakuvisha leo?"

Wachache wakacheka. Heskar alimkabidhi Mirune ubao wenye lile neno, herufi zimenyooka vizuri, ingawa hapakuwa na mtu pale asiyelijua kwa moyo.

"Sogea karibu, Mama Mirune," Balda akasema kwa sauti ya chini. "Ukishasema, nami nitachonga hicho hicho lilichosikia. Usiharakishe, ila usikawie."

Mirune akainama. Joto likampiga usoni. Alifungua mdomo, akaufunga tena.

Usiku ule wa mwisho Orsani alikuwa amejaribu kulitaja jina mara tatu. Mara ya kwanza alianza tu, "Yel," naye akamwekea kidole mdomoni taratibu, kama anavyonyamazishwa mtoto, akiamini anamsaidia kuutunza ukweli wake mwenyewe. Mara ya pili alimziba kwa kiganja. Mara ya tatu mzee alimshika mkono kabla haujafika, nguvu zikamwishia, mkono ukafika. Machozi yalimtiririka yakaingia sikioni. Hakujaribu tena, na kulipopambazuka hakuwa na pumzi.

"Mama, linapoa," Heskar alinong'ona nyuma yake.

Wekundu ulikuwa umetoweka pembeni. Mirune aliwaza alfajiri zote zinazokuja, sauti yake mwenyewe ikiwaambia wanawake ambao hawajazaliwa bado wanyamaze. Akauweka ubao chini, maandishi yakitazama udongo. Watu wakaguna.

"Mama, tafadhali," Heskar akasema, sauti imempasuka. "Ndiyo kazi yake yote hiyo."

"Najua, baba," akamjibu bila kugeuka. "Aliniambia mimi. Wewe ulikuwa mlangoni."

Heskar akanyoosha mkono kuuokota ubao. Balda akamzibia njia, akasimama hapo na nyundo yake.

Mirune akausogeza uso mpaka nyusi zikanuka kuungua, akasema kwa sauti aliyoitumia zamani akichungulia chini ya vitanda vya watu:

"Yelvi. Yelvi, mwanangu, baba yako alitaka kukuita, na mimi nikamziba mdomo."